Asili na Maana ya Jina Alian

Jumamosi, 2 Agosti

Nimekuwa baba! Saa nne asubuhi Naila kajifungua kwao Kisarawe. Mtoto wa kike, kilo tatu na nusu, wote wazima. Mimi nilikuwa Maili Moja, ndani ya saluni yake, nimekaa kwenye kiti cha draya nikiilinda. (Nilikuwa nimelala.) Simu ikaja. Nikalia. Kisha akauliza jina.

Jina! Miezi tisa nimemwambia aniachie mimi, nafanya utafiti, nitaleta jina ambalo Kibaha nzima halipo. Utafiti sikuufanya hata siku moja. Jasho likanitoka. Nikatazama mbele kama mtu anayeomba msaada, na mbele yangu ulikuwa mlango wa kioo. Jina lake nililibandika mimi mwenyewe, maana kazi yangu ni stika na mabango. NAILA, herufi nyekundu, la kusomwa kwa nje. Mimi nilikuwa ndani. Kwa ndani linasomeka ALIAN.

Nikasema Alian. Akauliza maana yake. Nikasema malkia wa kale wa Uajemi, aliyependwa kuliko malkia wote. Naila akasema ni zuri mno. Nimeokoka!

Jumapili, 3 Agosti

Sijaokoka. Mudathir, kaka yake Naila, mwalimu wa sekondari na mtu asiyejua kunyamaza, kaandika kwenye kundi la ukoo. Anauliza kama Alian ni wale viumbe wa sayari nyingine kwenye filamu. Watu kumi na wanane wamecheka. Nimewahesabu. Yeye anataka mtoto aitwe Siwema, jina la mama yao. Naila kamjibu kwamba mume wake amefanya utafiti wa miezi tisa.

Baadaye kanipigia. Ananiita Baba Alian, sauti tamu. Kasema ana neno moja tu. Kama huu ni uongo wangu mwingine, kama ule wa kwamba nilisoma Uturuki, mtoto ataitwa Siwema, na arobaini ikiisha yeye atabaki hukohuko kwa mama yake mpaka atakapojisikia kurudi. Sikuthubutu kuuliza atajisikia lini. Ugali haukushuka.

Jumatatu, 4 Agosti

Mama mkwe kapiga simu. Alitaka kulisikia jina kutoka kwangu mwenyewe. Nikasema, "Alian, mama." Akasema anajua analia, anaye mapajani, yeye anachouliza ni jina. Nikarudia kwa nguvu: Alian! Akasema basi nisimfokee, ni mtoto mchanga, atanyamaza.

Mara ya tatu alielewa. Kisha akasema kwa upole kwamba yeye tangu utoto wake, mtu akisema mtoto alia, watu humtafutia maziwa. Huyu akiitwa tu, nyumba nzima itakimbilia maziwa. Akaongeza kuwa mtoto hajanyamaza tangu Jumamosi, na sasa amejua sababu.

Nimemtafuta Malkia Alian mtandaoni. Hayupo. Nimeletewa vipuri vya pampu za maji.

Jumatano, 6 Agosti

Mambo yamekuwa mabaya. Akika ni Ijumaa. Atakayelitangaza jina ni Mzee Jumbe, baba mkubwa wa Naila, aliyekaa Uarabuni miaka kumi na mitano. Kasema kwanza baba wa mtoto asimame aeleze maana na asili. Mudathir kaomba maandishi. Maandishi!

Atayapata. Leo nimefunga mlango wa ofisi yangu hapa mtaa wa Kwa Mathias, nikatengeneza ukurasa wa kitabu. *Majina ya Kale na Asili Zake*, ukurasa wa 214. Juu nikaweka ALIAN kwa herufi kubwa nyekundu, zile ninazoziamini kuliko zote. Chini nikamweleza malkia: farasi weupe, chemchemi, raia wanaoimba. Mwishoni nikamwua kwa huzuni. Nikaona mkosi. Nikamfufua, akaishi miaka mia moja na sita.

Karatasi ikawa nyeupe kupita kiasi. Nikaomba chai kwa jirani yangu Deus, fundi cherehani na mwanakwaya wa parokia yao, nikailoweka kwenye sinia. Deus akauliza nafanya nini. Nikasema utafiti. Akatikisa kichwa kwa heshima. Mkewe Flora naye ana mimba, siku zimekaribia. Kasema laiti na yeye angekuwa na akili kama yangu.

Alhamisi, 7 Agosti

Ukurasa umekauka. Una sura ya miaka mia mbili! Umekuwa mwepesi, ukiuinua unaona mpaka upande wa pili. Kasoro ni moja tu. Deus hunywa chai ya tangawizi. Nimeuanika juani kutwa nzima. Bado unanukia.

Nimefanya mazoezi ya kusema "Uajemi" mbele ya kioo bila kupepesa macho. Nimeshindwa.

Ijumaa, 8 Agosti

Nane Nane. Sikukuu, kwa hiyo ukoo wote upo. Hata hilo limepangwa dhidi yangu.

Mbuzi kachinjwa, sebule imejaa. Nikampa Mzee Jumbe shikamoo, kisha ukurasa. Akaitikia marahaba, akaunusa. Akasema kitabu hiki kimekaa na tangawizi. Nikasema kilisafiri na misafara ya viungo. Mudathir akakohoa. Mtoto alikuwa akilia. Mama mkwe akanitazama kila alipolia.

Macho ya mzee hayana nguvu. Akaupa mgongo mlango, akauinua ukurasa jua liupige. Naila alikuwa amekaa mkekani mbele yake, mtoto mikononi. Yeye aliuona kwa nyuma. Nikaiona midomo yake ikisoma NAILA, na moyo wangu ukashuka mpaka kwenye viatu. Herufi zilezile anazozipangusa kila asubuhi afunguapo saluni.

Akauliza mbele ya wote kama malkia huyo anaishi Maili Moja.

Nikasema yote: kiti, simu, kioo. Nikasema sikuwa na jina lolote kichwani, nilikuwa na lake tu mbele ya macho.

Hata Mudathir hakucheka! Mama mkwe akajifuta macho kwa upindo wa kanga. Mzee Jumbe akasema Naila maana yake ni mwenye kupata, na jina la mama latosha kabisa kuwa asili ya jina la mwana. Nikaanza kutabasamu. Mapema mno. Naila akasema angeambiwa hivi tangu Jumamosi, mtoto angeitwa Alian mpaka kiyama. Lakini aliletewa malkia, akamtangaza malkia kwa ukoo mzima, na neno alilonipa Jumapili hajalisahau. Akamgeukia baba yake mkubwa, akasema Siwema.

Mtoto akanyamaza palepale. Mama mkwe kasema mnaona.

Nimerudi Kibaha peke yangu. Roho inaniuma. Lilikuwa jina zuri, lilikuwa na asili ya kweli, na mimi mwenyewe ndiye niliyelitia tangawizi. Basi. Uongo mwisho leo.

Jumanne, 12 Agosti

Naila katuma ujumbe! "Baba Siwema, umekula?" Siku nne kimya, kisha umekula! Nimeusoma mara tisa. Nimejibu kwamba nimekula na uongo nimeuacha. Nilikuwa sijala.

Mara akaingia Deus, anahema. Flora kajifungua mtoto wa kiume. Anataka jina adimu, ambalo Kibaha nzima halipo, na mtafiti ni mimi. Ya Kisarawe hayajui, wala sikuona haja ya kumchosha nayo. Nilitaka kukataa. Wallahi nilitaka. Lakini alisema mtafiti. Nikaliandika jina lake, DEUS, kiganjani, nikaligeuza.

Sued!

Nikamwambia ni mwana wa mfalme wa Uyunani, hodari wa kuimba. Deus akanikumbatia. Katoka mbio kumwambia Flora, kisha paroko.

Alipoondoka ndipo nikalitamka kwa sauti. Sued. Muuza mkaa wa Mbwawa ni mzee Suedi. Mwadhini wetu ni Suedi. Baba mkwe wa Mudathir ni Suedi. Nikakimbilia mlangoni kumwita. Halafu nikatulia. Hao wote wana i mwishoni. Yule wa Uyunani hana.

Deus karudi sasa hivi. Paroko anauliza ni mtakatifu gani huyo, na anataka maandishi. Nimemwambia asihofu. Karatasi iko kwenye sinia tayari. Safari hii chai ya rangi tupu, bila tangawizi.