Mguu wa Kushoto wa Kobe

Jumatatu, 4 Machi

Prrr. Karatasi thelathini zikipita chini ya kidole gumba cha Mzee Hatua. Sauti hiyo niliisikia mara ya kwanza siku ya usaili, miaka miwili iliyopita, na haijanitoka. Alizipeperusha picha zangu mara moja, sungura wangu akatembea, mzee akaziweka mezani na kusema neno moja tu: magoti. Nikaajiriwa. Tangu siku hiyo nachora magoti.

Niweke kumbukumbu sawa. Tunatengeneza filamu za katuni, picha kwa picha, kwa penseli. Mzee Hatua ana miaka thelathini na mmoja kwenye kazi hii, na yote hiyo alipewa miguu. Miguu ya sungura, ya askari, ya jini, hata ya sabuni ya tangazo iliyovaa viatu. Sabuni ile ilitembea kwa heshima kuliko viongozi wengi. Sasa, uzeeni, amepewa filamu nzima aiongoze. Ina dakika sabini. Maoni yake yote mpaka leo ni kuanzia gotini kwenda chini. Mhusika akilia, mzee anauliza visigino viko wapi.

Leo katangaza. Tukio la mwisho, pale kobe mzee anapoihama nyumba yake bila kusema neno, atapewa mchoraji mmoja. Anayelitaka alete jaribio Ijumaa. Jina la atakayelipata litakaa peke yake kwenye skrini.

Nalitaka. Nimejichunguza kwa uaminifu na sikuona anayelistahili zaidi. Mpinzani ni mmoja, Asali, tuliyempa jina hilo kwa sababu ya ulimi wake. Asubuhi alimwambia mzee kwamba hata kivuli chake kina mwendo mzuri. Mzee akageuka kukitazama.

Jumanne, 5 Machi

Mpango umepatikana. Mzee hupenda kusimulia jinsi alivyopanda cheo ujanani: alimchora bosi wake ndani ya ngamia, bosi akajiona, akacheka, akampandisha. Basi nami nitamchora yeye. Mzee anachechemea mguu wa kushoto. Si sana. Kama mtu anayekumbuka jambo kila hatua ya tatu. Kobe atachechemea vivyo hivyo, mzee atajiona, atalainika.

Nikamfuata kwenye korido nikihesabu. Hatua kumi na tisa kwenda chooni, ishirini na mbili kurudi. Mama Ratiba, mwenye kalenda ya kazi na roho zetu, akanikuta nimeinama nyuma ya mzee. Nikasema natafuta hereni. Sivai hereni. Akapiga magoti kunisaidia. Akamwita Asali. Asali akaipata.

Nimeshinda siku nzima na hereni moja ya mtu nisiyemjua, na nimemshukuru Asali mbele ya watu.

Jumatano, 6 Machi

Kazi imehamia nyumbani. Nilihitaji kuona uzito wa gamba mgongoni, nikamwomba mama atambae sebuleni na beseni. Akakataa. Nikamweleza kuhusu sanaa. Akauliza kama sanaa haina magoti ya kwake. Mwishowe akakubali kwa sharti nimfulie mapazia. Akatambaa hadi kabatini, akasimama hapo na beseni lake, akauliza kama kweli kwa shahada yangu nzima sikuweza kupewa mnyama wa kutembea wima. Kaka akatokea mlangoni. Akatutazama. Akarudi alikotoka.

Picha tisini na sita. Mguu wa kushoto ni mzee mtupu. Niliutazama nikaogopa kipaji changu.

Ijumaa, 8 Machi

Niandike haraka kabla sijaanza kujitetea.

Tuliingia chumba cha maonyesho watu kumi na mmoja. Kobe wa Asali akaanza. Aliteleza kama sinia juu ya maji. Mzee akaitikia kwa kichwa polepole. Kisha wangu. Hatua, hatua, chechemeo. Mtu akakohoa. Mama Ratiba akapata jambo la kusoma darini. Kila mtu alimwona, isipokuwa mmoja.

Mzee akaomba irudiwe. Akauliza huyu kobe ana nini, kaanguka mtini? Akasema katika maisha yake yote ya miguu hajaona kiumbe anayetembea hivi. Akainuka atuonyeshe mwendo wa mzee mwenye hadhi. Akatembea kutoka ukutani hadi mlangoni, mbele ya mwanga, na kobe wangu nyuma yake kwenye skrini, hatua kwa hatua, chechemeo kwa chechemeo. Alipofika mlangoni akauliza kama tumeona tofauti.

Asali akajibu kwamba tofauti ni ya mbingu na ardhi, mzee wangu.

Tukio kapewa Asali. Akanifuata mezani kunipa pole. Akasema dada, hata kushindwa kwako ni darasa.

Nimelia chooni. Kisha nikajiona kwenye kioo nikilia, nikauchora mdomo. Umetoka vizuri.

Jumatatu, 11 Machi

Mzee kaniita. Akafunga mlango, akanipa kiti, yeye akabaki amesimama. Nikajua nafukuzwa.

Akasema, mwanangu, Jumamosi nilimsimulia mke wangu kichekesho. Kwamba kuna binti kazini kachora kobe kilema. Nikainuka sebuleni nikamwonyesha. Hakucheka. Akaniuliza, kwani hujijui? Unatembea hivyo tangu mwaka alipozaliwa kitinda mimba wetu. Nilidhani unajua, si wewe ndiye fundi wa miguu?

Akautazama mguu wake wa kushoto. Halafu akasema miaka thelathini na mmoja anawasahihisha watu miguu, na hakuna aliyemwambia. Wote pale walijua. Mimi peke yangu nilisema, japo kwa penseli.

Tukio amemnyang'anya Asali, kanipa mimi. Akasema hii ni filamu yake ya kwanza na kwa umri wake pengine ya mwisho. Sehemu iliyobaki imejaa maoni ya wenye kampuni, lakini kobe yule anamtaka awe wa kweli. Chora ulichokiona, akasema. Usinipambe. Hatalikagua. Ataliona ukumbini pamoja na watu.

Nikasema ndiyo, mzee. Alikuwa na machozi. Niliyatafakari machozi yale hadi kituo cha basi. Mtu halii kwa kitu anachokitaka.

Alhamisi, 14 Machi

Nimefikiri kwa kina, kama ilivyo kawaida yangu. Mkubwa akisema anataka ukweli, anataka ukweli uliopigwa pasi. Asali analijua hilo bila kusoma, mimi nimelifikia kwa njia ya elimu, kwa hiyo langu ni la kudumu zaidi.

Jana mzee alipita mezani kwangu. Akashika mgongo wa kiti, akautazama ukuta ili asizione karatasi, akasema ananiamini. Nikainamisha macho kwa adabu. Chini ya mkono wangu kobe alikuwa na miguu minne iliyonyooka.

Picha mia nne na kumi na mbili, siku tatu. Chechemeo limekwisha. Sasa anaihama nyumba yake kama askari wa gwaride, kidevu juu, na nimemwongezea tabasamu. Nimemwomba Mama Ratiba amwekee mke wa mzee kiti cha mbele kabisa, amwone mumewe alivyonyooka. Akaniuliza kama mzee ameridhia. Nikamjibu kwamba kaniachia kila kitu, jambo ambalo ni kweli. Akasaini saa kumi na dakika kumi, zikaenda kupakwa rangi.

Zile za zamani nimeshazichana, vipande vinne vinne, asije mtu akamwonyesha.