Malalamiko Kuhusu Mchezo Uliorekebishwa Bila Kuniuliza

Ipogolo, Iringa

Ndugu Mafundi wa Mchezo wa Shamba,

Kamwene. Mimi ni Edmund Kikoti, mkulima, miaka sabini na moja, darasa la nne la zamani. Mkwe wangu Tumpe alinitumia kutoka Mbeya kidude cha mkononi chenye mchezo wenu, ule mliouhamisha kutoka kwenye televisheni. Ulikuwa mbovu kabisa, na nawashukuru. Mwezi huu mmeuapdeti, na heshima yangu iko hatarini.

Nacheza na jirani yangu Maganga, Msukuma aliyehamia hapa kutoka Usangu. Tunapokezana kidude, kila mtu na shamba lake. Maganga nimemzidi miaka sita. Tulikubaliana mwisho wa mavuno nikishinda, ataendelea kuniamkia kama kawaida. Akishinda yeye, mimi ndiye nitampa shikamoo, gulioni, watu wakisikia. Nilikubali kwa kuutegemea ubovu wenu.

1. Mchezo ulikuwa mzito. Nikibonyeza jembe, namaliza kikombe cha ulanzi ndipo linashuka. Huo ndio mwendo wa mzee. Sasa linashuka sijameza.

2. Maandishi yalikuwa kama mayai ya chawa. Maganga hakuweza kusoma bila miwani yangu, na miwani yangu nilikuwa naisahau nyumbani kila zamu yake ikifika. Sasa mmeyakuza kama bango la barabarani.

3. Maganga akikaribia kushinda, kidude kilikuwa kinaganda chenyewe. Sikukigusa. Sana. Hata hilo mmeliondoa.

4. Mmeongeza bonde zima la ng'ombe. Hivi Msukuma mnamjua nyie? Aliposikia wa kwanza analia alivua kofia, akaniambia, "Mzee Edmund, anza mazoezi."

Kwa hiyo naomba mrudishe ubovu wote, dunia nzima. Ikishindikana, apdeti ijayo imwongezee Maganga miaka saba, ili shikamoo yangu iwe halali.

Wasalimieni wote hapo kazini, isipokuwa aliyewaza habari ya ng'ombe.

Mimi mnayeninyanyasa,
Edmund Kikoti

N.B. Barua imechelewa kwenda posta, nilikuwa nazalisha ng'ombe kule bondeni. Kazaa mapacha. Maganga yeye alifikisha ng'ombe arobaini, akakataa kuuza hata mmoja, wakamlia mahindi yote. Jana gulioni ameniamkia kama kawaida, nikamwomba arudie, sikio hili halisikii vizuri. Basi msibadilishe kitu, na bonde likiongezwa jingine sitakasirika. Mtapata pia barua ya Maganga ya kuomba mrudishe ubovu. Msiijibu. Mwandiko mtauona ni huuhuu. Aliomba nimwandikie, na jirani hanyimwi.