Mgomo wa Tarishi Kibwana

Jumatatu, 2 Juni

Leo nimeanza vita. Mimi Kibwana, tarishi wa ofisi ya serikali hapa Kibaha mwaka wa thelathini na moja huu, sijapoteza barua hata moja. Ijumaa nilimpelekea tarishi mwenzangu Jabiri bahasha. Kasaini kitabu cha dispachi, kafungua, karuka juu. Kapandishwa: Tarishi Mkuu! Jabiri! Mimi ndiye niliyemwonyesha mlango wa masijala!

Nastaafu tarehe thelathini. Kwetu Kibuta nimeshatangaza narudi na cheo. Mashemeji wameshanoa meno.

Nikamvaa afisa utumishi, Bi Efrazia, binti mdogo tu. Kanipa shikamoo, halafu eti vuta subira mzee wangu, barua nyingine zinatoka. Subira! Basi barua zake haziendi popote. Mgomo wa kimyakimya. Fungu alilonipa leo nimelitia kwenye mfuko wangu wa ngozi bila kulitazama, nikakaza mikanda. Halafu naishtaki ofisi mahakamani.

Jumatano, 4 Juni

Kwa Mathias mchapaji, kuchapisha mashtaka yangu. Alitaka ukurasa mmoja. Nikamwambia weka na mvua za El Nino, nilipovuka maji na barua kichwani. Zikafika kurasa sita.

Karani wa mahakama, Faudhia, kanieleza kwa adabu: mtumishi huanza kulalamika kwa mwajiri, halafu tume, mahakama ni mwisho. Nikamwambia naanzia mwisho, sina muda. Tukavutana hadi adhuhuri. Kapokea. Nimeshinda ya kwanza!

Jumatatu, 9 Juni

Mgomo unauma! Mfuko umevimba. Bi Efrazia anahangaika, hakuna ofisi inayojibu barua zake. Mara kaniuliza, mzee Kibwana, na ya kwako hujaipata? Nikaapa mbele ya watu, wallahi sijapata. Anasema aliitoa tangu Jumatatu iliyopita. Muongo! Jabiri naye kadakia, labda iko njiani mzee. Nikamjibu njia zote za hapa nazijua mimi.

Nyumbani Mkuza, mke wangu Biasha kaanza. Eti Baba Nuria, hebu fungua huo mfuko uangalie. Wanawake hawajui siasa. Nikifungua, si nimevunja mgomo?

Jumatano, 18 Juni

Mahakamani. Kanzu, koti, mfuko begani. Hakimu kasema shauri limeletwa kabla ya wakati wake. Nikasimama: mheshimiwa, kuna barua yangu wanaificha! Bi Efrazia katoa kitabu cha dispachi. Barua namba kumi na nne, ya Kibwana, imekabidhiwa tarishi tarehe mbili. Hakimu kauliza tarishi huyo ni nani. Nikanyoosha mkono.

Nikafungua mfuko. Ilikuwa chini kabisa. Nikaisoma mwenyewe, herufi moja moja: Tarishi Mkuu! Nikapiga takbiri, nimeshinda! Bi Efrazia kaomba nimalizie mstari wa mwisho. Nisaini na kurudisha ndani ya siku kumi na nne, la sivyo nafasi inafutwa. Zimekwisha juzi.

Hakimu kajifunika uso kwa leso, mabega yanamtikisika. Mafua, nadhani. Shauri kalitupa. Barua zote wakazichukua, kazipeleka Jabiri.

Jumatatu, 30 Juni

Siku ya mwisho kazini. Bado tarishi wa kawaida. Soda, biskuti, hotuba. Nimehutubia mimi, wengine muda uliwaishia.

Halafu Bi Efrazia kaniita pembeni. Kaandika barua mkoani, wanifikirie upya. Lazima ifike leo kabla ya saa tisa, na Jabiri yuko Mlandizi. Kasema, babu yangu, hii ni ya kwako mwenyewe, najua hii utaifikisha. Machozi yalimlengalenga.

Nikaipokea. Lakini je, kaniomba radhi? Hajaniomba. Ya kwangu au si ya kwangu, ni barua yake, na mgomo sijautangaza kuwa umekwisha. Nikaitia mfukoni, nikakaza mikanda, nikapanda gari la Kisarawe.

Saa kumi sasa, niko Kibuta. Mashemeji wameshaanza kuuliza cheo. Nimewaambia kesho naingia mahakama ya huku, hawanijui. Naishtaki ofisi kwa uzembe: barua nzito kama ile, wanamkabidhije tarishi aliye kwenye mgomo? Na safari hii ushahidi ninao. Upo mfukoni.