Bibi Harusi wa Sebuleni Atafuta Mahakama

Jumatatu, 6 Mei
...na ndiyo maana nasema mume wangu (naandika tena: mume wangu) hata akikoroma, anakoroma kwa mpangilio. Namsikia kutoka sofa langu. Yeye yuko sofa la pili, miguu juu ya cherehani ya mama mkwe. Wiki ya pili ya ndoa, tunalala sebuleni kwake, na katikati yetu meza ya kioo.

Vyumba vyetu viwili vipo, ng'ambo ya barabara. Mwenye nyumba alitupangisha, kisha akavijaza mifuko yake ya saruji na kupiga kufuli. Mkataba ulisema tukigombana twende kwa msuluhishi. Tukaenda. Wakili mstaafu, mpole, akatusikiliza wote, akaandika uamuzi: tumeshinda, tukabidhiwe vyumba. Mwenye nyumba akausoma, akasema vizuri sana, basi huyo msuluhishi aje na ufunguo.

Wifi ananiita Bibi Harusi wa Sebuleni. Ngoja aone. Kesho naupeleka uamuzi mahakama ya hapa mtaani, ikautekeleze. Mume wangu mpenzi alisema tuulize kwanza ni mahakama ipi inayohusika. Mahakama ni mahakama.

Jumanne, 7 Mei
Hakimu alisoma ukurasa wa kwanza, akavua miwani. Akasema uamuzi wa msuluhishi husajiliwa Mahakama Kuu, ndipo upate nguvu ya hukumu. Yeye hana mamlaka. Nikamweleza kwamba Mahakama Kuu ni mbali, na hapa ni jirani na soko. Akasema ujirani na soko haumpi mamlaka. Nikamwambia tumeoana juzi tu. Akanipongeza, kisha akalitupa ombi langu.

Alhamisi, 9 Mei
Mpango mpya: kuziruka mahakama zote. Nilimfuata dalali wa mahakama, yule anayevunja makufuli ya watu. Nikamwonyesha saini ya msuluhishi. Akauliza amri ya mahakama iko wapi. Nikasema hii ni bora kuliko amri, imeandikwa na mtu mwenye busara. Alicheka mpaka akaegemea mlango. Akasema, shemeji, nikivunja kwa karatasi hii, kesho tutaamkia selo mimi na wewe.

Nilirudi nikiwaza kwamba hata selo ni chumba.

Wifi keshasikia, sijui kwa nani. Mezani akauliza kama dalali wangu anauza na vitanda.

Ijumaa, 10 Mei
Mahakama Kuu. Hatimaye mahali penyewe. Hata ngazi zake zinapendeza. Nikaweka uamuzi mbele ya karani. Akagonga muhuri, wino ukateleza. Akagonga tena. Ukateleza tena. Akaupapasa uamuzi wenyewe, akaniangalia.

Nilikuwa nimeutia plastiki, pamoja na cheti chetu cha ndoa, ili vitundikwe ukutani sambamba kama sisi wenyewe.

Karani akasema, mama, hiki hakiingii kwenye jalada. Mwombe msuluhishi nakala nyingine yenye saini yake, uilete hapa hapa, dirisha hili hili, usiende pengine. Alirudia kama anayemtuma mtoto dukani. Nililia kwenye ngazi. Zile zile zinazopendeza. Nikampigia msuluhishi nikiwa bado nalia. Akaahidi nakala.

Jumapili, 12 Mei
Mgongo wa mpenzi umegoma. Akanieleza taratibu kwamba atakuwa analala karakana, kati ya mafriji anayotengeneza, mpaka vyumba vipatikane. Huko angalau atanyoosha miguu. Akaondoka na shuka letu la harusi. Tunalo moja.

Mama mkwe akasema nyamaza mwanangu, sebule itapumua. Wifi alijilaza kwenye sofa lililobaki wazi, akawasha televisheni. Nimekumbatia mto wake mpenzi wangu. Unanuka mafuta ya mashine. Sijawahi kukata tamaa namna hii, na ndoa hata haijatimiza mwezi.

Jumatatu, 13 Mei
Msuluhishi amepiga simu: nakala iko tayari, niichukue wakati wowote. Nimemshukuru sana, nikamwambia haitahitajika.

Maana nimeamka na akili mpya. Mume wangu sasa analala kazini. Mtu anayelala kazini, shauri lake ni la kazi. Kitu kiko wazi hivi, na hakimu, dalali na karani wote hawajakiona! Nimeipigia simu mahakama ya kazi. Aliyepokea akauliza kama huyo mwenye nyumba ndiye mwajiri wa mume wangu. Nikamwambia dada yangu, hayo hayasemeki kwenye simu; nitakuja mwenyewe nikueleze, kabla mwezi haujaisha.