Nilivyozirai kwa Picha ya Utumbo wa Baba

Leo nimeaibika mbele ya wadi nzima, na nimemwaibisha baba yangu pamoja nami.

Mzee amekuwa akiona damu chooni tangu tulipovuna mahindi. Alificha. Nilipojua, naye akakataa kupimwa utumbo kwa kamera inayopitishwa nyuma, nilimfokea mbele ya mke wangu na majirani: "Baba, unaogopa kamera ndogo hivyo? Mwanaume mzima!" (Mimi huyu. Sindano ya pepopunda hunitoa machozi.)

Jana alikunywa dawa yote ya kusafisha tumbo bila kunung'unika. Asubuhi tukatoka Keroka hadi hospitali, mjini Kisii. Akaingizwa chumba cha kipimo. Nikangoja nje nikijiona mtoto bora Nyamira nzima.

Baadaye nikaitwa. Baba amelazwa wadini, bado ana usingizi wa dawa, amevaa gauni la hospitali, lile linalofungwa mgongoni kwa kamba moja. Daktari, binti mpole, akanionyesha picha.

"Huu ni utumbo wa mzee. Unaona hiki kinyama kama uyoga? Tumekitoa. Kingeachwa, miaka ikipita kingeweza kugeuka saratani."

"Mmekitoa na nini?"

"Tunakizungushia kitanzi cha waya, tunakaza, halafu tunachoma..."

Sikusikia mwisho. Giza!

Nilipofumbua macho nilikuwa chali sakafuni. Baba ameniinamia, anayumbayumba, ananipepea kwa faili lake. Na nyuma yake wadi nzima inatazama kitu ambacho kwetu hata mwanawe haruhusiwi kukiona. Akiwemo shemasi wa kanisa letu, mama aliyekuja kumwona kakake!

"Mzee, gauni! Nyuma kuko wazi!" nesi akapiga kelele.

"Niache! Mtoto wangu anakufa!"

Shemasi akamfunika kwa leso aliyojifunga kiunoni, uso ameugeuzia ukutani. Mimi, mtu wa miaka arobaini na tatu, nikapandishwa kwenye kitanda cha baba, nikapewa soda. Mgonjwa mwenyewe akakaa kwenye benchi. Akanishikia chupa ninywe. (Heri angenitukana.)

Kisha daktari akasema kwa kuwa mzee amepatikana na kinyama, nami nirudi nipimwe. Nikatazama mlango. Baba akanishika mkono.

"Usiogope, mwanangu. Haiumi."

Hapo ndipo machozi yaliponitoka, jamani.

Mzazi wako akiogopa hospitali, msindikize tu, funga mdomo. Na picha usiitazame ukiwa umesimama.