Sekunde Nne za Orville

Jumatatu, 3 Machi
Burbank, mji wa studio. Filamu yangu ya kumi na tisa ya milipuko, na ya mwisho kwa Orville Tackett. Miaka thelathini ameanguka kutoka mapaani kwa niaba ya nyota wa filamu, nami nimekata kila kipande kilichoonyesha uso wake. Ndiyo kazi ya mhariri. Safari hii kipo kimoja: anaanguka, anainuka, anakung'uta vumbi, anatazama juu. Uso mzima! Sekunde nne. Nimemwahidi hakitakatwa. Ameshawaalika wajukuu.

Jumanne, 4 Machi
Kendra Volstad, mtayarishaji, alisema sekunde nne ni ndefu kama likizo. "Mzee Lyle, huyu babu anakung'uta vumbi la mwaka gani?" Mbinu ninayo.

Zamani, tulipovaa tepe za filamu shingoni na vidole vikinuka gundi, marehemu Hyman, mhariri aliyenilea kazini, alinifundisha: mtayarishaji lazima akate kitu, kama mbwa asivyoipita nguzo bila kuikojolea. Mtegee kosa la wazi. Atalikata, ataridhika, atakuachia kilicho chema. Enzi hizo! Hata makosa yalikuwa na adabu.

Alhamisi, 6 Machi
Kosa limepatikana katika mabaki ya picha tulizozitupa. Kuku anarushwa mbele ya kifaru cha vita kinacholipuka. Mkono wa mrushaji unaonekana hadi kiwikoni, na plasta kidoleni! Hakuna mwenye macho atakayeuacha. Nimekichomeka kipande hicho kabla tu ya Orville.

Ijumaa, 7 Machi
Kendra alicheka hadi akashika meza. Aliagiza kuku arefushwe. Nilimwonyesha mkono. "Mkono ndio utamu wenyewe, Mzee!" Kuku apewe sekunde nne zaidi. Zitoke wapi? Akamnyooshea kidole Orville kwenye skrini.

Nilikata mwenyewe. Kompyuta haikutoa hata sauti. Zamani kipande kiliangukia kapuni, ungeweza kukiokota.

Jumatano, 12 Machi
Onyesho la majaribio. Orville mstari wa mbele, tai shingoni, wajukuu watano. Sikuwa nimemwambia. Mwoga mimi!

Kuku akaruka. Ukumbi ukaangua kicheko. Orville akasimama, akapaza sauti kwamba mkono ule ni wake! Mtunza kuku hakufika siku ya kupiga picha, akaombwa yeye amrushe. Plasta ilifungwa na mkewe. Wajukuu wakapiga makofi. Akanikumbatia: "Lyle, ndugu yangu, nilijua hutanisahau."

Mlangoni akaniuliza, kwa sauti ya chini, kuhusu uso. Nilimjibu kwamba umo katika toleo refu.

Hakuna toleo refu.

Alhamisi, 13 Machi
Nimetafakari sana. Mbinu ya Hyman haina kasoro. Tatizo ni kuku: alikuwa mzuri kupita kiasi. Filamu ya ishirini inaanza Jumatatu, na Orville amekubali kuanguka mara moja tu, kwa ajili yangu. Nimemwahidi sekunde sita.

Kosa nimekwisha kulichagua. Mbuzi.