Asiyepatikana Hakatwi

Jumatatu, 9 Septemba

Nina miaka themanini na mitatu. Nimezika makocha wanne, mke mmoja mwema, na mbwa sijui wangapi. Magoti niliyozaliwa nayo yalinitangulia. Haya ya sasa ni ya chuma. Uwanja wetu wa Toledo nimeuzidi umri: waliubomoa, leo ni maegesho ya duka la rangi. Timu yenyewe nayo! Mwenye timu aliiuza, ikahamia pwani ya mbali, vijana wakavishwa jezi za rangi ya peremende. Mimi nipo.

Mimi, Bernie Gombos, naandika kwa sababu Nesi Ruthann wa makao haya ya wazee kasema mkono wangu wa kulia unataka mazoezi. Elimu sina. Chuo kikuu nilikwenda kusukuma watu. Niliwasukuma vizuri, wakanipa cheti.

Sasa, jambo lenyewe. Lonnie Prewitt, wa chumba cha jirani, alikuwa mrushaji wetu katika mpira wa Kimarekani, ule wa kushikwa mikononi. Mrushaji ndiye anayeshika mpira atafute wa kumrushia, na huku majitu ya upande wa pili yanataka kumvunja mbavu. Mimi nilikuwa mlinzi wake, nilisimama mbele yake, mkono wa kushoto, kuyazuia. Misimu kumi! Sura yake ilikuwa kwenye maboksi ya nafaka za kifungua kinywa nchi nzima. Mimi ni ule mgongo unaoonekana pembeni ya picha.

Jana ligi ilianza. Tulikuwa sebuleni tunatazama. Lonnie akasimama ili amtukane refa vizuri, mguu ukamsaliti, akaenda chini. Si mara ya kwanza tangu kiangazi. Nikamwaga soda yangu sakafuni haraka, nikapiga kelele: nani kamwaga hapa, mnataka kuua watu? Nesi Ruthann akafuta. Akaniangalia kwa jicho la pembeni.

Leo asubuhi, mlango wa Lonnie ukagongwa. Kugonga kumoja tu. Nikajua.

Emmett Stroud! Sisi tulimwita Panga. Kila Agosti, kambini, wachezaji ni wengi kuliko nafasi, na wa kupunguzwa walifuatwa chumbani na huyu. Anagonga mara moja. Anasema kwa sauti ya mchungaji: "Kocha anakuita. Njoo na kitabu chako." Kitabu ni kile cha mbinu za timu. Ukiambiwa ukirudishe, umekatwa. Nimeona wanaume wenye shingo kama magogo wakilia juu ya masanduku yao. Baadaye Panga alipanda cheo, akawa meneja mkuu, akakata watu kwa simu. Sasa anakaa ghorofa yetu, ana miaka themanini na minane, anasukuma fremu yake ya magurudumu yenye kikalio, na mkurugenzi kampa kazi ya kupeleka ujumbe ili asichoke na maisha.

Nikafungua mimi. Akasema mkurugenzi anamwita Prewitt. Sauti ile ile!

Hapa kwetu anayeangukaanguka hushushwa ghorofa ya chini. Tunaiita benchi. Sijaona aliyetoka benchi akarudi juu. Na mimi je? Usiku namsikia Lonnie akikohoa kupitia ukuta, najua yupo, nalala. Nitalala vipi na ukuta usiokohoa?

Nikamwambia Panga kwamba Lonnie anaoga.

Jumanne, 10 Septemba

Panga karudi. Nikamwambia Lonnie anasali. Akauliza tangu lini. Nikasema tangu uzee umwingie. Akakalia fremu yake pale pale mlangoni, akasema atasubiri amina.

Ikabidi nitumie akili. Mwaka wangu wa kwanza, siku ya kukatwa, nilijificha ndani ya kigari cha jezi chafu tangu alfajiri. Harufu ile, hata shetani angeomba ruhusa ya kutoka. Panga alinitafuta, hakunipata, na mchana mlinzi mwingine akateguka bega, nikabaki. Nikacheza miaka kumi. Somo nililipata siku ile na sijaliacha: asiyepatikana hakatwi.

Basi nikamtoa Lonnie kwa mlango wa bafu tunalochangia, tukashuka kwa lifti ya wahudumu hadi chumba cha kufulia. Alilalamika njia nzima. Akasema: "Bernie, hebu niache nikamwone huyo mama mkurugenzi. Kuna jambo mwenyewe nilitaka..." Nikamkatisha. Nikamwambia mpira unaendeshwa hivi: wa mbele wanafikiri, wa nyuma wanarusha. Akasema hajawahi kusikia kocha akisema hivyo. Nikamwambia makocha nao walikuwa wa nyuma.

Akatulia. Shuka zilikuwa zimetoka mashineni, zina joto. Akalala juu yake mdomo wazi. Nikakaa pembeni nikilinda mlango. Mikono yake imekuwa myembamba siku hizi, mishipa kama kamba za viatu. Mikono ile ilirusha mpira theluji ikianguka, Desemba, uwanja mzima ukanyamaza mpaka uliposhikwa. Nikamfunika taulo.

Jumatano, 11 Septemba

Mbinu mpya. Kumficha kunachosha, mgongo wangu unauma. Bora aonekane mzima.

Nimemtembeza ukumbini mara mbili, kifua mbele, mimi nyuma yake kidogo upande wa kushoto, nimeshika mkanda wa suruali yake. Mtu hawezi kujua! Nesi Ruthann akauliza kama tunajifunza kucheza polka. Lonnie akasema yeye ndiye bibi harusi. Wazee wote wakacheka. Sikuachia mkanda.

Panga alikuwa dirishani. Akasema: "Gombos, hata ukimshika hivyo, lazima azungumze na mkurugenzi. Muda unakwisha, mzee mwenzangu." Nikamjibu kwamba muda wake ndio ulikwisha, walipomtoa ofisini kwa mlango wa jikoni baada ya msimu wa kufungwa kila wiki. Akasema angalau yeye alikuwa na ofisi. Nikamwambia mimi sikuhitaji ofisi, nilikuwa na mabega. Akasema mabega hayo hayo aliyakata yeye mwenyewe mwaka wa sabini na tatu.

Uongo mtupu! Nilistaafu mwenyewe, kwa hiari yangu, kabla hajamaliza sentensi.

Alhamisi, 12 Septemba

Mvua. Supu ya maharage. Panga kakaa siku nzima kwenye ngazi, mgongo kwetu, anasoma gazeti. Hakuja kugonga. Nadhani kazeeka, kazi imemshinda. Lonnie kanyamaza sana. Mara mbili kafungua kinywa na mara mbili nimempa biskuti.

Ijumaa, 13 Septemba

Tarehe mbaya kwa wajinga. Mimi nilikuwa na mpango mkubwa kuliko yote.

Ijumaa mkurugenzi Bi Yolanda Reyes hula nasi uani, soseji za Kihungari na haradali. Nikaona: mrushaji akirusha mbele yake, nani atathubutu kusema hafai? Mpira nimeuazima kwa mjukuu wa mpishi. Wa kudaka nikamteua Nesi Ruthann. Mimi siruhusiwi, mlinzi wa mbele hadaki, sheria ni sheria.

Lonnie alikataa. Akasema bega lake ni la makumbusho. Nikamnong'oneza kwamba Panga anatazama. Jamaa akanyanyuka! Akautazama mpira, akatafuta mshono wake kwa vidole, kama mtu anayetafuta swichi ya taa nyumbani kwake. Akarudi hatua nyuma.

Ulitoka mkononi ukizunguka kama pia. Haukutikisika hata kidogo. Ukapita juu ya meza ya saladi, ukamkuta Nesi Ruthann kifuani pale pale alipoweka mikono. Wazee wakapiga kelele, vijiko vikagonga meza. Mkurugenzi akasimama kabisa. Panga, Panga yule, alivua kofia.

Halafu goti la Lonnie likalegea.

Niliona kabla yake. Sikuzote niliona kabla yake, hiyo ndiyo kazi. Sikufikiri. Nikaingia chini. Akaniangukia taratibu, kama mtu anayelala, na nikasikia kifundo changu cha mguu kikilia kama kuni kavu.

Lonnie hakuchubuka. Hata miwani haikutoka. Nikauliza kwa mpira ule tulisonga mbele hatua ngapi. Akasema: "Lala hapo, we mpumbavu." Alikuwa ameshika kichwa changu kwa mikono miwili. Alikuwa analia, lakini hilo nililisingizia haradali.

Jumapili, 15 Septemba

Hospitali siku moja, kisha wakanirudisha. Plasta ngumu mpaka gotini. Na wakaniweka wapi? Ghorofa ya chini! Chumba kikubwa, dirisha linatazama bustani, vitanda viwili, kimoja kitupu. Nilikitazama kile kitupu usiku kucha. Hakikohoi.

Baada ya kifungua kinywa, kugonga kumoja.

Nikajifunika blanketi gubigubi. Mlango ukafunguka. Panga akasema: "Bernie, naiona miguu."

Nikauvuta ndani ule usio na plasta.

Akakaa kwenye fremu yake, akaliambia blanketi. Akasema mkurugenzi hakuwa na haja ya kumshusha mtu yeyote. Lonnie mwenyewe ndiye aliyeomba, tangu Agosti, ashuke, maana juu magoti yamemshinda. Akaomba chumba cha watu wawili. Kitanda cha pili akataka kiwe cha Gombos, kwa sababu, alisema Lonnie, yule mtu hawezi kulala bila kunisikia nikikohoa. Mkurugenzi alitaka jibu moja tu: Gombos amekubali? Na Lonnie alishindwa kuniuliza, kwa vile kila siku nalitukana benchi kwa sauti kubwa, na kila alipoanza, nilimpa biskuti.

Nikauliza kutoka chini ya blanketi kwa nini hakuniambia mapema, yeye Panga. Akasema nilimwacha aseme lini? Alipofungua kinywa nilimtajia mlango wa jikoni. Akasema pia Alhamisi palikuja watu wengine kukitaka chumba, mume na mke kutoka Sandusky, na mkurugenzi alimwagiza alete jibu kabla ya jioni, la sivyo kinaondoka. Ndiyo maana alikaa kwenye ngazi siku nzima, mgongo kwetu, asituone. Jioni akaenda kumwambia mama yule kwamba kawatafuta Gombos na Prewitt jengo zima hajawapata, ampe mpaka wiki ijayo.

Nikafunua blanketi mpaka puani.

Akasema miaka yote ile ya kugonga milango, hakuna aliyewahi kumwambia karibu, kaa. Hata mmoja. Akawa anatazama bustani.

Nikamwambia sasa umeshakaa. Akasema ni kiti chake mwenyewe. Nikamwambia basi, karibu kwenye kiti chako. Akacheka mpaka akakohoa, na kusema kweli, kikohozi chake si kibaya.

Jumatatu, 16 Septemba

Lonnie kahamia leo. Kaja na sanduku moja, mto wake, na boksi lile la nafaka lenye sura yake, ambalo nafaka zake ziliisha enzi za marais waliokwisha kufa. Kaliweka dirishani. Nikamwuliza kwa nini kaligeuza kidogo. Akasema ili upande wenye mgongo wangu uonekane vizuri. Nikatazama nje kwa muda. Bustani ina ndege wengi.

Akaniuliza kama nimekasirika. Nikamweleza mambo yalivyo, kwa upole, maana warushaji si watu wa kufikiri. Panga alitaka kumshusha ghorofa ya chini. Nikamzuia wiki nzima. Mwishowe nikamshusha mwenyewe, kwa wakati nilioutaka mimi, kwenye chumba nilichokitangulia kukishika kwa mguu wangu. Kila kitu kimekwenda kama nilivyopanga. Lonnie akanitazama sana. Akasema: "Bernie, hukujifunza hata chembe." Nikamwambia kweli, sikuhitaji, nilikuwa najua tangu mwanzo.

Sasa hivi, kabla ya chakula cha mchana, kugonga kumoja. Panga anasema mlangoni kwamba mkurugenzi anatuita wote wawili.

Wote wawili!

Lonnie anasema huenda ni habari za supu. Ndivyo wanavyotaka ufikiri. Nimesukuma kiti changu cha magurudumu mpaka nyuma ya pazia, naye nimemvuta hapa. Plasta yangu inachomoza kidogo chini lakini nimeifunika na mto. Nimemshika mkanda. Anacheka kimya kimya, mabega yanatikisika, lakini hajaanguka.

Haya yote ni kweli tupu. Shahidi wa kwanza ni Lonnie Prewitt, amesimama hapa upande wangu wa kulia. Wa pili ni Nesi Ruthann, aliyeudaka mpira. Wa tatu ni Emmett Stroud, muulizeni naye, ila subirini kwanza aondoke mlangoni.